Jina la Mama Fine kwenye Shuka

Siku Josaphat alipomwona Mama Fine kwa mara ya kwanza, pua yake iliyatangulia macho. Harufu ya kapiteni wa moshi, samaki wa ziwani, iliingia katika kibanda chake cha kutengeneza redio, kando ya soko la Bunia, ikakaa juu ya meza kama mteja mwenye haki. Nyuma ya harufu akaingia mwanamke mpana, kitambaa cha kichwa amekikaza kama mtu anayekwenda kushtaki, kikapu cha samaki mgongoni. Alikitua chini. Akatoa samaki kama kumi, akatoa majani ya migomba, na chini ya majani akatoa mashine nzito ya chuma yenye magurudumu mawili na jicho moja la kioo.

"Papa fundi," alisema, "hii kitu iko mugonjwa. Nimeitosha Tchomia, nimeileta huku. Weye ndiye daktari?"

Josaphat aliinamisha kichwa kwamba ndiyo. Alikuwa na miaka arobaini na minne, na katika miaka hiyo yote alikuwa hajazoea kusema na watu. Chumvi aliinunua kwa kuonyesha kidole. Redio alizipenda kwa sababu zinasema zenyewe, wala hazingoji kujibiwa.

"Daktari bubu," mama akasema. "Muzuri. Hatatangaza magonjwa yangu kwa watu."

Akaeleza. Shangazi yake, Emerance, alimpikia padri mzee Mtaliano miaka thelathini katika misheni moja ya kandokando ya ziwa. Uzee ulipomrudisha padri kwao, alimwachia mpishi wake alichokuwa nacho: sufuria mbili, baisikeli isiyo na magurudumu, na mashine hii ya sinema pamoja na sanduku la bati lenye filamu tisa. Sufuria zilipata wenyewe siku ileile. Mashine haikutakiwa na mtu. Mama Fine akaichukua, akaificha chini ya samaki, akapanda lori. Kwenye kizuizi cha Iga Barrière askari walifunua kikapu wakamuuliza ni silaha gani ile.

"Niliwaambia ni sherehani," alisema. "Mumoja akaniuliza, sherehani bila sindano? Nikamwambia, sindano iko kwa fundi wa Bunia. Wakaniacha nipite. Wakabakisha kapiteni wawili, eti kwa usalama wa barabara."

Josaphat aliifungua mashine wiki tatu. Taa yake ilikuwa imekufa, na mota yake ilikuwa imekufa kabla ya taa. Mahali pa taa akaweka taa ya pikipiki, inayowaka kwa betri. Mahali pa mota hakupata kitu, mpaka alipokumbuka maneno ya Iga Barrière. Akatafuta miguu ya sherehani ya zamani, ile yenye kanyagio, akaunganisha mkanda wake na magurudumu ya mashine. Ukikanyaga, filamu inakwenda. Hivyo uongo wa Mama Fine ukawa kweli, kama uongo mwingi wa kwetu ukipewa muda.

Walijaribu mchana, katika chumba cha Clarisse, muuza mikate ya kukaanga, ambaye nyumba yake iligusana na kibanda. Madirisha waliyafunika kwa bashe, yale maturubai yanayogawiwa wakimbizi na kununuliwa na kila mtu. Ukutani wakatundika shuka jeupe. Waliingia majirani kumi na tano, na Rémy wa pikipiki, aliyeacha abiria nje akingoja.

Josaphat akakanyaga. Kwenye shuka akatokea bibi mwenye kofia kubwa kama sinia ya nyanya. Akatokea bwana wa masharubu juu ya farasi. Hakuna sauti, midomo ilifunguka na kufungwa kama ya samaki. Mara picha ikatoweka, yakaja maandishi meupe kwenye weusi.

"Inasema nini?" wote wakauliza.

Wakaangaliana. Rémy akasema, "Fundi, weye ndiye uko karibu na mashine. Soma!"

Gizani hakuna aliyemwona Josaphat, na labda ndiyo sababu kinywa chake kilifunguka. Maandishi yalisema IL GIORNO DOPO. Kitaliano hakukijua hata kwa harufu. Lakini alikuwa amemaliza darasa la sita, na Kifaransa cha darasa la sita kilimwambia kwamba *il* ni yeye, mwanamume. Basi akatangaza kwa sauti nzito ambayo hata yeye hakujua anayo: "Yeye, Bwana Giorno Dopo, yuko njiani anakuja!"

Watu wakashtuka kwa raha. Kuanzia hapo hakunyamaza. Bibi wa kofia alisema, bwana wa masharubu alijibu, farasi naye akapewa neno. Mguu ulikanyaga, mdomo ulisema. Bwana alipopiga magoti, Josaphat alikanyaga polepole ili magoti yachelewe kufika chini, na wanawake wakaugua.

Kisha farasi akaenda mbali, akawa mdogo kama inzi, na kwenye shuka zikaja herufi nne kubwa, kubwa kuliko herufi zote zilizotangulia:

FINE

Clarisse ndiye aliyepiga kelele. "Mama Fine! Jina yako! Jina yako iko kwa filamu!"

Ili kuelewa kilichofuata, mtu akumbuke jinsi mambo yalivyo Bunia. Jina lililo kwenye lori ni la mwenye lori. Jina lililo kwenye fulana ya uchaguzi ni la aliyenunua fulana. Jina lililo chini ya barua ni la aliyeandika barua. Na wale wanaouza filamu za kwetu sokoni huweka majina yao mwishoni, makubwa, ili mwizi aogope. Basi jina Fine, ambalo kila mtu alilitamka Fin kwa Kifaransa, akijua ni kifupi cha Joséphine, lingekuwa la nani tena?

Mama Fine alilitazama shuka kwa muda wa Salamu Maria nzima.

"Inaonekana ni yangu," alisema.

Kesho yake, alipoulizwa sokoni, alisema kwa ufupi zaidi: "Ni yangu."

Mtu mmoja alijua neno lile ni nini, na huyo hakuwa mtu wa kusema. Kitabu cha kusoma cha darasa la sita kilikuwa na neno kwenye ukurasa wake wa nyuma, chini ya picha ya ng'ombe anayerudi zizini: FIN. Mwalimu alikuwa amewaeleza kwamba maana yake ni mwisho, kitabu kimekwisha, fungeni. Josaphat aliiona ile E iliyozidi, akajua kwamba Wataliano wanaongeza tu mkia. Alikunja waya zake, akanyamaza. Alikuwa na mazoezi.

Hivyo ndivyo sinema ya Kitaliano ilivyoanza Bunia. Zama zake za mwanzo zilidumu miaka mitatu, wala zama za kati haikuwa nazo.

Filamu zilikuwa tisa, na zote tisa, zikifika mwisho, zilitoa jina la Mama Fine. Kama lingetokea kwenye moja, watu wangeweza kubisha. Tisa ni ushahidi. Alikuwepo mzee mmoja wa Mudzipela aliyesema haiwezekani mwanamke wa Tchomia apige picha farasi wa Ulaya. Rémy alimuuliza, "Muzee, umesoma jina ao hukusoma?" Mzee akakiri amelisoma. "Basi unabishana na macho yako." Mzee akaja tena Jumamosi iliyofuata na wajukuu wake.

Chifu wa mtaa naye aliona kwamba si heshima mwenye filamu kuazima chumba cha kukaangia mikate. Palikuwa na ghala la kahawa lililokaa tupu tangu wenye kahawa walipokimbia. Akampa karatasi yenye muhuri: ghala hili ni la Mama Fine, maadamu yeye ndiye mwenye filamu zenye jina lake, ikionekana si hivyo, ghala litarudi kwa chifu. Kila mtu alijua kwamba shemeji ya chifu alilitaka kwa mifuko yake ya simenti.

Josaphat aliisoma karatasi ile mara mbili. Neno "ikionekana" alilisoma mara ya tatu. Neno moja dogo la mwisho wa kitabu likijulikana, mama anaangushwa kitini, ghala linajaa simenti. Na yeye? Nje alikuwa bado mtu wa kidole na chumvi. Ndani ya ghala, nyuma ya mashine, mguu ukiwa kwenye kanyagio, alikuwa na kinywa. Watu mia walicheka alipotaka wacheke. Hakuwa na mahali pengine duniani pa kusemea.

Wengine watasema Mama Fine alikuwa tapeli. Hao hawakumwona akifanya kazi. Yeye ndiye aliyechagua filamu ya kila Jumamosi, kwa kuangalia wiki ilivyokuwa. Yeye ndiye aliyesimama mlangoni na kuwaingiza kwanza wale waliotoka kwenye kambi ya wakimbizi, akiwaambia wa mjini, "Nyinyi mukichoka kungoja, muko na kwenu." Na yeye ndiye aliyerekebisha hadithi. Katika filamu ya nne, bwana mmoja anachomwa kisu na kufa kwenye ngazi, dakika tatu nzima anakufa. Mama Fine alimwendea Josaphat kabla ya onyesho.

"Huyu asikufe."

"Mama, lakini anakufa. Inaonekana."

"Weye ndiye uko na mudomo. Watu wametoka kuzika Alhamisi. Kufa iko inje, bure. Siye hapa hatuonyeshe kufa."

Basi Josaphat akatangaza kwamba yule bwana ameteleza, amechoka, sasa analala kidogo. Wajane watatu wakakanyaga sakafu kwa furaha. Mtu akianguka njiani Bunia, mpaka leo wako wanaosema amelala Kitaliano.

Bwana Giorno Dopo ndiye aliyekuwa maarufu kuliko wote. Alitajwa karibu katika kila filamu, tena mara nyingi, na hakuonekana hata mara moja. Watu walibishana: wengine walisema ni yule wa kofia ndefu, wengine ni baba wa bibi harusi. Mwishowe wakakubaliana kwamba Giorno Dopo ni mkubwa wa serikali. Ndiyo maana kila mara anatangazwa yuko njiani na kila mara hafiki. Barabara ya kwetu inatengenezwa na nani? Giorno Dopo. Mshahara wa walimu anao nani? Giorno Dopo.

Mara moja shangazi Emerance alikuja kutoka ziwani kuona mali iliyotoka mikononi mwake. Alikaa mbele, mkongwe mkavu kama samaki aliyesahaulika juu ya moshi. Jina lilipotokea kwenye shuka, hakushangaa. Alicheka peke yake, akamwita mpwa wake kwa namna ya ajabu, kwa vipande viwili: "Fi-ne! Njoo unishike mukono." Josaphat alidhani ni lafudhi ya watu wa ziwa.

Mwaka wa tatu ukamleta Anselme. Alikuwa mtu wa ofisi ya utamaduni, mwenye faili chini ya kwapa na miaka miwili ya seminari ndogo nyuma yake. Kwa sababu ya miaka hiyo alisema anajua Kilatini, na Kitaliano, alisema, ni Kilatini kilichovua viatu. Aliangalia filamu moja, alilia kidogo mahali pasipo pa kulia, kisha akatangaza kwamba mkoa wote haukuwa na habari ya utajiri wake.

"Mama," alisema, "weye ni *productrice*. Mwenye filamu wa kwanza wa Kitaliano katika Ituri. Ao katika Kongo yote. Nitakuandikia cheti."

"Na cheti inafanya nini?"

"Inaonyesha."

"Inaonyesha nini?"

"Mama, cheti ni cheti."

Sherehe ikapangwa Jumamosi, saa nane mchana. Mgeni rasmi atatoka Kinshasa. Na ili mambo yakamilike, Anselme alimwalika Mtaliano halisi: bibi mmoja wa shirika la maji, ambaye mji wote ulimwita Mama Bomba kwa sababu ya mabomba aliyoyasimika kambini. Atakaa mstari wa mbele. Ataziona filamu za lugha yake. Atashuhudia.

Josaphat aliposikia, mguu wake uliganda kwenye kanyagio, na bibi wa kofia akabaki kwenye shuka akiwa mdomo wazi.

Mtaliano atasoma. Mtaliano atalijua lile neno kama Josaphat anavyojua neno chumvi. Atacheka, ataeleza, na chifu atakuwa pale na karatasi yake, na shemeji ya chifu karibu naye. Josaphat alifikiri kumwambia Mama Fine. Alifika mpaka mlango wa nyumba yake mara mbili. Mara ya kwanza aliomba maji. Mara ya pili aliomba maji tena, na mama akamuuliza kama kibandani kwake kuna moto.

Ijumaa alasiri alichukua wembe. Filamu iliyochaguliwa ilikuwa ile ya farasi, ya kwanza. Aliifungua mpaka mwisho, farasi alipokuwa mdogo kama inzi, akakata. Kipande chenye jina, chenye urefu wa mkono wake, alikikunja akakitia katika mfuko wa shati. Kisichoonekana hakisomwi. Alilala vizuri usiku ule, kama mjinga.

Jumamosi ghala lilijaa mpaka kwenye milango. Kiti cha mgeni rasmi kilivishwa kitambaa cha lesi. Saa nane ikapita, na saa tisa. Anselme akasimama kutangaza kwamba mheshimiwa yuko njiani.

"Giorno Dopo!" walio nyuma wakapiga kelele, na ghala zima likaangua kicheko. Mama Bomba aligeuka kuuliza wanacheka nini, wala hakuna aliyeweza kumweleza, kwa maana Kiswahili alikuwa bado hajakijua, na Kifaransa chake kilikuwa kibaya kama cha chifu, kila mmoja kwa upande wake.

Bashe zikashushwa. Josaphat akakanyaga. Kwa hofu alikanyaga haraka mno, na bwana wa masharubu akaposa, akakataliwa, akapanda farasi kama mtu anayefukuzwa na nyuki. Hata hivyo watu walikunywa kila neno. Farasi akaenda, akawa mdogo, akawa inzi.

Kisha shuka likabaki jeupe.

Watu walingoja. Walikuwa wamezoea kulisoma lile jina kwa pamoja, kwa sauti, hata wasiojua kusoma. Lilikuwa kama Amina yao. Clarisse akasimama.

"Jina iko wapi?"

"Jina! Jina!"

"Ni huyu wa faili! Utamaduni wameiba jina ya mama!"

Mtu akalishika faili la Anselme, karatasi zikaruka. Rémy akang'oa bashe moja, na mwanga ukaingia kama maji. Chifu alikuwa ameinamia sikio la shemeji yake. Mama Fine hakupiga kelele. Aligeuka kwenye kiti chake cha heshima, akatazama nyuma, moja kwa moja kwenye mashine.

"Papa Josaphat. Jina yangu iko wapi?"

Watu mia mbili wakamgeukia, na mwanga ukiwa juu yake wote. Angeweza kusema filamu imekatika. Filamu hukatika kila siku. Lakini hakuweza kusema hata hilo. Mkono wake ndio uliofanya kazi: uliingia mfukoni, ukatoa kipande, naye akaonyesha kwa kichwa bashe irudishwe. Rémy akairudisha. Josaphat akaishika filamu kwa vidole viwili, akaiweka mbele ya taa.

FINE, lilisema shuka, likitetemeka, na pande zote mbili za jina kulikuwa na kivuli cha kidole gumba na cha shahada, vinene kama miti. Watu wakalisoma kwa sauti mpaka mabati yakalia.

Hapo ndipo Mama Bomba aliposimama. Alikuwa akicheka, na machozi yalikuwa yakimtoka, kwa sababu si kila siku mtu anaikuta lugha ya babu yake ndani ya ghala la kahawa. Akasema kwa Kitaliano, haraka haraka, akilionyesha shuka: fine hivi, fine vile, kisha akapitisha mikono yake hewani kama anayefuta meza, akasema, "Finito!"

Vichwa vyote vikarudi kwa Josaphat. Miaka mitatu yeye ndiye aliyewatafsiria Wataliano. Ni nani mwingine?

"Anasema nini?" akauliza chifu. Karatasi ilikuwa mkononi mwake.

Josaphat aliielewa ile mikono. Hata ng'ombe wa kitabu cha darasa la sita angeielewa. Alimtazama Mama Fine, naye alikuwa akimtazama, amekaa wima, mikono mapajani, kama mtu anayengoja kusomewa hukumu. Hapakuwa na giza la kumficha. Josaphat akafungua kinywa.

"Anasema..." Sauti ilikuwa nyembamba, akaanza upya, na sauti ya sinema ikaja. "Anasema, kule kwao, filamu zote, tangu wakati wa babu yake mpaka leo, zinaisha na jina hili. Bila jina hili, anasema, hakuna Mtaliano atakayeamini kwamba filamu imekamilika!"

Hakuna neno la uongo hapo, ila "jina". Ghala lililipuka. Chifu alikunja karatasi yake. Mama Bomba, aliyeona watu wamefurahi, aliinua tena mikono yake na kupiga makofi. Anselme alikuwa akiokota karatasi zake chini. Akanyanyuka na kuinamisha kichwa kwa uzito wa seminari.

"*Exactement*," alisema. "Neno kwa neno."

Cheti kikatolewa. Jioni ile Josaphat alinunua chumvi kwa mdomo, na muuza duka akaangusha kipimo.

Jina lilikuwa limeokoka. Ghala halikuokoka, kwa sababu cheti, kama Anselme alivyosema, kinaonyesha. Na kilichoonyeshwa huonekana na wengi. Mwezi haukuisha ukaja mradi. Mbele ya ghala likasimama bango kubwa kuliko mlango: Kuimarisha Uwezo wa Wadau wa Sinema ya Kitaliano. Vikaletwa viti vya plastiki hamsini. Wadau arobaini wakaitwa kwenye semina, na kati yao hakuna aliyewahi kuona hata filamu moja. Walijifunza siku tano, wakala kuku siku tano, wakaandika kwenye karatasi kubwa kwamba tatizo la sinema ni ukosefu wa semina. Ikaandaliwa nyingine. Mama Fine aliwekwa mbele, akaitwa *présidente d'honneur*, yaani rais wa heshima, akakatazwa kuonyesha filamu mle ndani, maana watu wengi wangechafua viti.

Kwenye semina ya pili Mama Bomba alipita, na Josaphat, ambaye sasa aliweza kuuliza, akamwandikia kwenye karatasi maneno il giorno dopo. Bibi akafikiri, akamjibu kwa Kiswahili chake kipya cha mabomba: "Siku yenye inafuata. Kesho yake." Josaphat alikwenda nayo nyumbani maana ile, akaipima. Hakuona kwamba alikuwa amekosea sana.

Mama Fine alivumilia semina tatu. Asubuhi ya semina ya nne Josaphat alimkuta kwenye maegesho ya malori ya ziwa, na kikapu chake, na majani ya migomba, na chini ya majani kitu alichokijua. Shangazi Emerance alikuwa mgonjwa. Wakaushaji wa samaki wa Tchomia walikuwa na ukuta mmoja mweupe. Miguu ya sherehani ilikuwa imeshafungwa juu ya lori.

"Utanisalimia présidente," alisema, na akacheka, kana kwamba huyo alikuwa mtu mwingine aliyebaki.

Josaphat alikuwa amefikiri atasema kwa heri. Akajikuta anasema jambo lingine. Lilikuwa limekaa miaka mitatu, likatoka bila viatu.

"Mama, lile neno si jina. Ni mwisho. Ninajua tangu siku ya kwanza. Nilinyamaza. Unisamehe."

Mama Fine alimtazama kama alivyotazama shuka siku ile.

"Papa Josaphat, nani alikuambia naitwa Joséphine?"

Hakuna aliyewahi kumwambia. Bunia yote ilijua tu.

"Mama yangu alizaa kumi na mumoja," alisema. "Mimi wa mwisho. Siku ya ubatizo padri akauliza jina. Mama alikuwa amechoka, akasema, Padri, huyu ni mwisho, andika hivyo. Muzee akacheka, akaandika kwa luga yake. Fi-ne. Shangazi alikuwa pale anashika mushumaa. Tangu mutoto ninakaa chini kwa misheni, filamu inaisha, padri ananionyesha kidole: Fi-ne, ona, wanakuita."

"Kumbe ulijua."

"Nilijua inasema nini. Na nilijua ni yangu. Weye ulifikiri lazima ikuwe moja."

Dereva alipiga honi. Josaphat alitia mkono mfukoni mwa shati akatoa kile kipande. Hakikuwahi kurudi kwenye filamu, kwa sababu tangu sherehe ile watu walitaka jina katika filamu ya farasi lije na kivuli cha vidole vyake, si vinginevyo. Ncha zake zilikuwa zimechakaa. Alimnyooshea. Hakujua kwamba homa ya mapafu ingemchukua mama kule ziwani kabla ya Pasaka, wala kwamba shangazi mgonjwa ndiye angemzika. Alijua tu kwamba filamu ya kwanza inakwenda Tchomia bila mwisho wake, na fundi mzuri haachi kazi hivyo.

Mama Fine alikuwa tayari juu ya magunia. Alikitazama kipande, akamfunga Josaphat vidole juu yake kwa mkono wake mpana wenye harufu ya moshi.

"Bakia nayo, Papa Josaphat," alisema. "Filamu yenye haina ile, haiishake."